Namba Moja Mara Tano: Tunazipima Sidii za DMX

Niaje wadau, karibuni tena mezani. Leo hakuna simu mpya wala spika. Leo nina sidii tano. Ndiyo, sidii, msicheke. Zote za mtu mmoja, zote za mtumba, nimezipata kwa mzee mmoja anayeuza redio chakavu, na hii hapa, subiri nisogeze kwenye kamera, boksi lake limepasuka kona. Alinihakikishia zote zinapiga. Tutalifikia hilo.

Mwenye sidii ni DMX, rapa wa Marekani. Jina la nyumbani Earl Simmons, mtoto wa Yonkers, jimbo la New York, aliyezaliwa Desemba 1970 na kufariki Aprili 9, 2021. Kwa wadogo zangu mnaomjua kwa nyimbo za kunyanyulia vyuma jimu tu, huyu ndiye yule mwenye sauti kama mbwa aliyefungwa mnyororo.

Sasa, kila akitajwa, kuna sifa moja lazima ifuate: albamu zake tano za kwanza zote ziliingia kwenye Billboard 200, chati ya albamu zinazouza zaidi kule Marekani, zikiwa namba moja. Tano, mfululizo, bila kuteleza. Kabla yake hakuna msanii aliyekuwa ameanza hivyo. Rapa mwenzake Jay-Z ana albamu 14 zilizofika namba moja, lakini ile yake ya kwanza, ya 1996, iliishia namba 23. DMX hakuwa na hatua ya kubisha hodi. Alifungua mlango akaingia na viatu.

Mimi nilitaka kujua kitu kimoja tu: hizi namba moja tano zina uzito sawa? Kwa hiyo nimezisikiliza zote wiki hii, moja baada ya nyingine, na karatasi ya mauzo nimeiweka pembeni. Hazina uzito sawa hata kidogo.

Tuanze na hii nyekundu. "It's Dark and Hell Is Hot", Mei 1998. Wiki ya kwanza ziliuzwa nakala 251,000. Katika zote tano, hiyo ndiyo namba ndogo kuliko zote. Ishike hapo, tutairudia.

Ikumbukwe jamaa hakuwa dogo aliyeokotwa jana. Alikuwa na miaka 27, na mwanzoni mwa miaka ya tisini alishasainiwa na lebo nyingine, yaani kampuni ya muziki, wimbo ukatoka, mambo yakalala. Halafu mkumbuke redio za Marekani za 1997 zilikuwa zinapiga nini: suti zinazong'aa, shampeni, nyimbo za kucheza. Huyu akaja kifua wazi, na mbwa, na maombi. Midundo mingi humu ni ya Dame Grease na PK, mizito, ya giza, kinanda kinalia kama kuna msiba chumba cha pili. Kuna wimbo unaitwa "Damien", humo anazungumza na shetani, na sauti zote mbili anazitoa mwenyewe. Shetani anakuja kwa upole, kama rafiki, anamwahidi magari na pesa, na taratibu bei inaanza kutajwa. Sikiliza namna anavyobadilisha koo kati ya sauti moja na nyingine. Ningewapigia kidogo hapa ila mnajua wenyewe, chaneli itafungwa kabla sijamaliza sentensi.

Halafu "Ruff Ryders' Anthem". Ule mdundo ulitengenezwa na Swizz Beatz, kijana wa miaka 19 wakati huo, mpwa wa wenye Ruff Ryders, kampuni iliyomsimamia DMX. DMX mwenyewe hakuupenda mwanzoni, aliona haumfai. Ni vinanda viwili vitatu vya kielektroniki vinavyojirudia, mtoto anaweza kuvigonga. Mpaka leo ukiweka kwenye sherehe ya watu wazima wenye vitambi, wote wanabweka.

Na mimi niliusikia wapi? Kwenye kanda. Kibanda cha kurekodisha nyimbo, unaenda na kanda yako tupu ya dakika 90, unaandika majina kwenye karatasi, unaambiwa rudi kesho. Albamu hii ina zaidi ya saa moja, kwa hiyo upande A ulijaa, na upande B palipobaki yule kaka alinijazia taarabu bila kuniuliza. Mpaka leo nikimaliza DMX nasubiri taarabu ianze. Na hiyo kanda yangu, na za wenzangu wote mtaani, hazikuhesabiwa popote. Ile chati ni ya maduka ya Marekani. Watu wengi wanaitaja kama vile ni hesabu ya dunia nzima.

Haya, ya pili. "Flesh of My Flesh, Blood of My Blood". Angalia kava, mwili mzima damu. Damu ya maigizo, lakini fikiria mama mzazi unakutana na hili chumbani kwa mtoto. Hii ilitoka Desemba 22, 1998. Mwaka uleule! Miezi saba tu tangu ile nyekundu. Stori yake inajulikana: Lyor Cohen, bosi wa lebo yake Def Jam, alimwambia ukinipa albamu nyingine ndani ya siku 30, una bonasi ya dola milioni moja. Akampa. Na lebo nayo ilikuwa na sababu zake, maana mwanzilishi wake alikuwa karibu kuuza hisa zake, na mwenye duka linalouzwa anataka rafu zijae.

Wiki ya kwanza: nakala 670,000. Wiki ya Krismasi hiyo, watu wana hela ya zawadi. Namba moja tena. Tupac alikuwa ameshapata namba moja mbili ndani ya mwaka mmoja, 1996, lakini ya pili ilitoka akiwa tayari ameuawa. DMX alikuwa rapa wa kwanza kuifanya akiwa mzima.

Je, haraka inasikika? Inasikika sana. Swizz Beatz ameshika sehemu kubwa ya kazi, na kuna nyimbo tatu nne hapa ukinifumba macho siwezi kukuambia ipi ni ipi, ni kinanda kilekile kimegeuzwa shati. Kuna moja ameshirikishwa Marilyn Manson, yule wa muziki wa roki, naiacha tu. Lakini mle ndani kuna "Slippin'". Jamani. Saksofoni ya Grover Washington Jr. imechukuliwa kutoka wimbo wa zamani, imepunguzwa ikawa kama mtu anahema, na juu yake jamaa anasimulia utoto wake, kutupwa huku na kule, vituo vya watoto, hasira, dawa za kulevya, bila kupiga kelele hata mara moja. Wimbo huo peke yake umenirudishia hela ya boksi zote tano. Miaka ishirini baadaye, 2018, alipokuwa anahukumiwa New York kwa kukwepa kodi, wakili wake aliupiga wimbo huu mahakamani ili jaji amwelewe mteja wake. Akapewa mwaka mmoja jela.

Ngoja nieleze hesabu kidogo hapa, maana kuna mtu ataandika chini kwamba wasanii wa leo wanapata namba moja hata mara tatu kwa mwaka. Mwaka 1998 ukipenda wimbo mmoja, mara nyingi ilibidi ununue sidii nzima, dola kumi na kitu. Chati ilihesabu nakala zilizopita kwenye mashine ya keshia, basi. Tangu mwishoni mwa 2014 Billboard wanachanganya na usikilizaji wa mtandaoni, na walianza kwa kuhesabu kwamba nyimbo kusikilizwa mara 1,500 ni sawa na albamu moja kununuliwa. Kwa hiyo ukiniuliza 670,000 za zamani ni ngapi za leo, nakwambia ni vipimo viwili tofauti, kama kuuliza pishi ngapi zinatosha lita. Ila watu laki sita na sabini kutoka nyumbani, wiki moja, kwenye baridi la Desemba, kufuata plastiki yenye damu! Hiyo inahitaji heshima yake.

Kati ya ya pili na ya tatu, Julai 1999, alipanda jukwaani kwenye tamasha la Woodstock akiwa amevaa ovaroli nyekundu, mbele ya bahari ya watu. Tafuteni hiyo video, mje mniambie.

Ya tatu ndiyo hii ya boksi lililopasuka. "...And Then There Was X", Desemba 1999. Nakala 698,000 wiki ya kwanza, ndiyo kilele chake. Na ndiyo iliyouza kuliko zote, imethibitishwa platinamu mara tano, yaani milioni tano Marekani peke yake. Humu kuna "Party Up" na "What's My Name?". Kwa hesabu ya biashara, hii ndiyo bidhaa bora. Kwa masikio yangu, hapana. Zile mbili zikipita, unabaki na nyimbo ambazo tayari alishakuuzia, ila sasa zimepigwa pasi. Ule wimbo wa kuorodhesha wanawake, akiwa na mwimbaji Sisqó, hasa toleo la redio, ulipigwa mpaka tukachoka, na nikiusikia leo naona aibu kidogo, siwezi kuupiga mbele ya shemeji.

Na hii ndiyo inayoruka. Mzee wa redio, kama unanitazama, wimbo wa kwanza unakwama dakika ya pili, tak-tak-tak-tak. Nimeifuta kwa kitambaa cha miwani, nimejaribu dawa ya meno, haikusaidia.

Hebu tujumlishe miezi. Mei 1998 mpaka Desemba 1999, miezi 19, albamu tatu, na katikati ikatoka filamu ya "Belly" aliyocheza na rapa mwenzake Nas, na ziara nchi nzima. Mimi nikirekodi video mbili kwa wiki sauti inakauka.

Ya nne, "The Great Depression", Oktoba 2001: 440,000. Ya tano, "Grand Champ", Septemba 2003: 312,000. Mnaona ngazi inavyoshuka? Lakini kwenye vichwa vya habari zote ni "namba moja", neno ni lilelile. Namba moja inakuambia wiki ile hakuna aliyekupita. Nyuma yako wamebaki wangapi, haisemi.

Nitaitetea ya nne, kwa sababu watu huiruka. "Who We Be" imejengwa kwa namna ya ajabu, karibu hana sentensi kamili, anataja kitu kimoja kimoja tu, kama mtu anayehesabu mali iliyobaki baada ya nyumba kuungua. Na kuna wimbo wa kumlilia bibi yake, akiwa na mwimbaji Faith Evans. Kama ulilelewa na bibi, usiusikilize ukiwa kwenye daladala.

Ya tano ni ndefu mno, na wageni ni wengi kuliko mwenyeji. "Where the Hood At" ina nguvu lakini mistari yake mingine ni matusi ya kitoto ya kudhalilisha watu, sitaifichia. Na kabla hamjauliza: "X Gon' Give It to Ya" haimo humu kwenye boksi la Kimarekani. Ule ulitoka kwenye nyimbo za filamu ya "Cradle 2 the Grave", mwaka uleule 2003, na ukafufuka 2016 ulipowekwa kwenye "Deadpool". Kwa hiyo wimbo ambao vijana wengi wanamjulia leo uko nje ya albamu zote tano zilizompa sifa.

Mwaka 2006 alitoa ya sita kwa lebo nyingine, ikaishia namba mbili. Mfululizo ukakatika hapo. Ya 2012 ilifika namba 19.

Basi, hela yako iende wapi? Kama unachukua moja, chukua hii nyekundu, yenye mauzo madogo kuliko zote wiki ya kwanza. Ndiyo pekee ambayo hakuna aliyekuwa anamsubiri dukani. Ukiongeza, ongeza ya nne. Ya pili isikilize "Slippin'" mtandaoni uokoe nafasi. Ya tatu kama una sherehe. Ya tano, mwachie mkusanyaji. Na watoto wakiwepo, zote tano sikiliza kwa visikizio, matusi yamo mpaka kwenye utangulizi.

Kitu kimoja lakini kipo kwenye zote: kila albamu ina dua. Mdundo unazimwa, jamaa anaomba, kweli kabisa, sauti inatetemeka. Kwenye ile kanda yangu dua ilikuwa upande B, karibu na mwisho wa albamu. Siku moja mama akaingia chumbani sekunde zilezile. Kiingereza chake kilikuwa cha kanisani, cha kushika neno hapa na pale. Akasimama mlangoni na beseni la nguo, akasikiliza mpaka mwisho, akasema "amina", akaniambia huyo mchungaji anaomba vizuri. Nikaruka kuzima redio kabla wimbo unaofuata haujaanza, beseni likaanguka.