Mkopo wa nyumba: milioni 5 ile ile, majibu matatu

Naanza na lililonikera. Ukipeleka hela ya ziada kwenye mkopo wa nyumba, usidhani deni linapungua siku hiyo. Kwa benki yangu hapa Dar es Salaam, na nasikia si yao peke yao, hela inatua kwenye akaunti ya marejesho na kukaa pale ikisubiri tarehe ya makato, kisha inaliwa rejesho moja baada ya jingine mpaka iishe. Hakuna anayekupigia simu. Nilipeleka shilingi milioni 5 mkopo ukiwa bado mbichi, na kwenye slipu niliandika wazi kwamba ni ya kupunguza deni. Ikaliwa. Nilipokwenda tawini, katikati ya mji, kuomba jedwali jipya la marejesho, afisa mikopo hakuinua hata macho kwenye simu yake. "Dada yangu, si unakatwa kwenye mshahara? Hesabu tuachie sisi."

Haya. Tuzione hizo hesabu ambazo ningewaachia wao.

Chukua mkopo wa milioni 100 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, inayopigwa kwenye salio linalopungua, miaka 20. Namba si zangu hasa, nimezichukua kwa sababu ni rahisi kushika. Rejesho la mwezi ni 1,316,790. Zidisha kwa miezi 240 unapata milioni 316. Nyumba moja, umelipia tatu na chenji. Hilo wengi wanalijua, au wanalihisi. Wasilolijua ni mpangilio wake. Kwenye rejesho la kwanza, 1,250,000 ni riba. Deni la msingi, yaani ile hela uliyokopa, linapungua kwa 66,790, basi. Baada ya miaka mitano umeshalipa milioni 79, na ukiomba salio unaambiwa bado milioni 94. Baada ya miaka kumi umelipa milioni 158 na bado unadaiwa milioni 81.6. Nusu ya deni unaivuka mwaka wa 16. Hakuna wizi hapo, ndivyo hesabu ya salio linalopungua ilivyo: riba inakula kwanza, deni linapewa makombo.

Ndiyo maana hela ya ziada mwanzoni mwa mkopo ina nguvu isiyo ya kawaida, na ndiyo maana lile jibu la "tuachie sisi" limenikaa kooni. Angalia milioni 5 ile ile, kwenye mkopo ule ule, mwanzoni kabisa.

Ikikaa kwenye akaunti ya marejesho, ni marejesho yasiyofika manne. Umelipa mapema kidogo, na tarehe ya kumaliza haijasogea hata siku moja.

Ikienda kwenye deni la msingi, halafu benki ikakupigia rejesho dogo kwa muda ule ule wa miaka 20, rejesho linashuka kwa karibu 65,800 kwa mwezi. Ukiondoa milioni 5 yako, umeokoa kama milioni 10.8 hadi mwisho wa mkopo. Si haba.

Ikienda kwenye deni la msingi na rejesho likabaki 1,316,790, mkopo unakwisha miezi 53 mapema. Miaka minne na miezi mitano! Ukiondoa milioni 5 yako, umeokoa takribani milioni 65.

Milioni 10 au milioni 65, tofauti ni sentensi moja kwenye barua. Na ukinyamaza, unapata lile jibu la kwanza, la sifuri.

Kwa hiyo barua iandikwe, slipu haitoshi. Itaje namba ya mkopo, si ya akaunti tu, itaje kiasi na tarehe kilipowekwa, kisha iseme hivi: "Kiasi hiki kielekezwe chote kupunguza deni la msingi. Rejesho la mwezi libaki lilivyo, muda wa mkopo upungue." Peleka nakala mbili, yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ipeleke siku chache baada ya makato ya mwezi, isiwe kabla, maana hela ikikutwa kwenye akaunti siku ya makato mfumo unaanza kuchota humo humo na kiasi ulichotaja hakitimii. Kisha dai jedwali jipya. Usiangalie safu ya juu ya jedwali, nenda mstari wa mwisho: tarehe ya kumaliza imesogea? Kama haijasogea, hawajafanya ulichoomba, hata wakikutumia ujumbe mzuri wa shukrani.

Kabla ya hapo soma kifungu cha ada ya kulipa mapema. Kuna mikataba inayotoza ada ukimaliza mkopo wote tu, na mingine inatoza hata ukipunguza kidogo. Ada ikiwa asilimia 2, kwa milioni 5 ni laki moja. Lipa hiyo laki bila kubishana, uokoaji wake umeuona.

Na wasio na milioni 5 ya mkupuo? Laki moja ya ziada kila mwezi, tangu mwezi wa kwanza, kwenye mfano wetu inamaliza mkopo kwa miaka 14 na miezi kama minne badala ya 20, na jumla inashuka kutoka milioni 316 hadi milioni 244. Laki moja! Ila iwe na maelekezo ya kudumu kwa maandishi, la sivyo itajilimbikiza kwenye akaunti na utajiona una akiba kumbe unalipa riba ya asilimia 15 juu ya hela yako mwenyewe.

Jedwali usisubiri la benki, jitengenezee. Kwenye Excel ya simu andika =PMT(15%/12,240,-100000000), inakupa rejesho. Kisha safu nne: salio la kuanzia, riba, ambayo ni salio mara 15% gawa kwa 12, deni lililopungua, yaani rejesho toa riba, na salio jipya. Buruta chini mistari 240. Yako na ya benki hayatalingana hadi senti, na sababu kubwa ni kwamba benki nyingi huhesabu riba kwa siku: mwezi wa siku 31 kwenye milioni 100 una riba ya 1,273,973, Februari ya siku 28 ina 1,150,685. Tofauti ya namna hiyo ni halali. Tofauti inayokua kila mwezi kwa upande mmoja tu, hiyo nenda nayo kaunta ukiwa umeichapa.

Kuhusu muda. Afisa atakusogezea miaka mingi ili mshahara wako "ubebe", maana lazima theluthi moja ya mshahara ibaki baada ya makato, na kama bado unakatwa asilimia 15 ya Bodi ya Mikopo ya chuo nafasi inazidi kubana. Sawa. Lakini tazama bei ya huo wepesi. Miaka 15 rejesho ni takribani 1,399,600, jumla milioni 252. Miaka 20 unapata nafuu ya 83,000 kwa mwezi, unaongeza milioni 64. Miaka 25 unapata nafuu ya 36,000 nyingine, hela ya bodaboda, unaongeza milioni 68 nyingine. Ukilazimika kuchukua miaka 20, chukua, halafu ujifanyie mwenyewe miaka 15 kwa hela ya ziada na ile barua.

Riba inayobadilika nayo ina jambo ambalo sijasikia afisa yeyote akilieleza. Mkataba unasema benki inaweza kubadili riba kulingana na hali ya soko. Tuseme umelipa miaka mitano, salio ni milioni 94, riba inapanda kutoka 15 hadi 17. Riba ya mwezi sasa ni kama 1,332,900. Rejesho lako ni 1,316,790. Yaani rejesho halifikii hata riba! Ukiendelea kulipa lile lile, deni linapanda huku unakatwa. Ili umalize kwa wakati ule ule rejesho linapaswa kuwa takribani 1,448,000. Kwa hiyo ukipokea ujumbe kwamba riba imebadilika lakini rejesho lako "halitaathirika", usishukuru. Uliza tarehe ya kumaliza. Benki Kuu ilianza kutangaza riba yake ya sera, ile inayotakiwa kuongoza riba za soko, Januari 2024 kwa asilimia 5.5, Aprili mwaka huo ikawa 6, Julai 2025 ikashushwa 5.75. Iliposhuka, kwangu hakuna kilichoshuka. Kifungu cha "hali ya soko" kinasoma upande mmoja.

Ukitajiwa riba inayovutia kuliko za wengine, uliza kama ni ya salio linalopungua au ile wanayoiita flati, inayopigwa kwenye mkopo mzima mwanzo hadi mwisho kana kwamba hujawahi kulipa kitu. Asilimia 10 ya flati kwa miaka kumi ni rejesho la 1,666,667. Asilimia 15 ya salio linalopungua, muda huo huo, ni kama 1,613,400. Kumi ni ghali kuliko kumi na tano, na bango la barabarani halitakuambia.

Bima. Mkopo unataka bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto ya nyumba, sina ugomvi nazo. Ugomvi ni pale bima inapolipwa yote mwanzoni na kuunganishwa kwenye mkopo. Bima ya milioni 3 ikiingia humo kwa miaka 20 utailipia karibu milioni 9.5. Kama unaweza, ilipe mfukoni, au omba ya kulipia kila mwaka inayofuata salio, maana deni linashuka na bima inapaswa kushuka nalo. Ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu, usajili wa rehani: vyote ni hela taslimu kabla hujashika ufunguo, na vingine hulipwa hata mkopo ukikataliwa. Uthamini kwa mfano. Hakikisha mthamini yumo kwenye orodha ya benki kabla hujamlipa. Kodi ya jengo inakatwa kwenye LUKU, umeme wa kulipia kabla, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, haiumi. Pango la ardhi la kila mwaka usilisahau.

Mtaani utaambiwa usijali, shilingi inashuka, deni la muda mrefu linajilipa lenyewe. Hiyo ni kweli kwa nchi ambayo mfumuko wa bei unakaribia riba. Kwetu umekuwa ukicheza kwenye asilimia 3 na 4 miaka hii. Toa kwenye 15 uone kilichobaki.

Basi mkopo wa nyumba ni mbaya? Nilitaka kusema hivyo, ila siwezi. Kuna kitu benki wamenifanyia ambacho hela yangu peke yake isingenifanyia. Mwanasheria wao alipekua hati kwa Msajili wa Hati, akataka ramani ya upimaji na ridhaa ya mke wa muuzaji kwa maandishi, akakataa kabisa ile karatasi ya serikali ya mtaa ambayo nusu ya Madale na Goba watu wananunulia viwanja. Kwa Dar, ambako kiwanja kimoja kinaweza kuwa na wenyewe wawili wanaokutana siku ya kumwaga msingi, upekuzi huo una thamani. Anayejenga tofali kwa tofali kwa miaka kumi halipi riba, lakini analipa kodi ya nyumba miezi sita sita kwa mwenye nyumba, na nondo hazimsubiri kwa bei ya mwaka jana. Kwa mtu mwenye mshahara wa uhakika, muda mfupi, na nidhamu ya kupeleka ziada, naupendekeza.

Nilikuwa nimeandika hivyo na nikatulia. Halafu leo wamejibu barua yangu, yenye muhuri wao, kuhusu milioni 5. Jibu: ombi "limepokelewa na linafanyiwa kazi", na jedwali lililoambatanishwa ni lile lile la zamani, mstari wa mwisho haujasogea hata mwezi. Riba ya siku kwa milioni 5, kwa ile asilimia 15 ya mfano wetu, ni 2,055, na inahesabiwa Jumapili na sikukuu. Sasa ninaandika malalamiko rasmi kwao, maana dawati la malalamiko la Benki Kuu linataka uanzie kwenye benki yako kwa maandishi, uwe na nakala, ndipo uende kwao. Nakala ninazo.

Nyota mbili kati ya tano. Moja ya mwanasheria. Ya pili nilimpa yule binti wa dirisha la huduma aliyenionyesha pa kugongesha muhuri, na hiyo haiguswi. Ya mkopo wenyewe nitaijaza siku nitakayopewa jedwali jipya.