Uchambuzi wa filamu: Revolución, miaka 100 baada ya Mapinduzi ya Meksiko

Karibuni tena, wapenzi watazamaji. Leo tuko na Revolución, filamu ya Meksiko ya mwaka 2010. Waongozaji kumi, kila mmoja na kama dakika kumi zake, wote wakiulizwa jambo moja: yale mapinduzi yaliyoanza 1910 dhidi ya Porfirio Díaz, dikteta wa Meksiko wa wakati huo, leo yamebaki na nini?

Naanza na iliyonigusa kuliko zote, La tienda de raya ya Mariana Chenillo. Enzi za Díaz, mwenye shamba alikuwa na duka lake humo humo shambani. Kibarua anachukua mahindi na nguo kwa mkopo, deni linakua, hatoki tena. Ndiyo maana Katiba ya 1917, kifungu cha 123, ikaagiza mshahara ulipwe kwa fedha halali, si kwa bidhaa wala vocha, yaani hati za kununulia vitu dukani. Sasa Chenillo anakuonyesha mama wa leo, mfanyakazi wa supamaketi, na sehemu ya mshahara wake ni vocha za duka lile lile! Na hajatunga tu: mwaka 2008 Mahakama ya Juu ya Meksiko iliamua dhidi ya Walmart ya huko kwa suala hili hili. Filamu haikuhubirii chochote. Unaziona vocha, unaelewa, na hasira inakupanda.

Halafu kuna 30/30 ya Rodrigo Plá. Mjukuu wa Pancho Villa, jemadari maarufu wa mapinduzi yale, anaalikwa kwenye sherehe, anazungushwa huku na huku, wanasiasa wanapiga naye picha. Hotuba anayo, kaiandaa vizuri, lakini nafasi ya kuisoma haiji. Jamani, mtazameni yule mzee usoni.

La bienvenida ya Fernando Eimbcke, ya rangi nyeusi na nyeupe, nayo ni tamu: mpiga tuba, lile tarumbeta kubwa, wa kijijini anajifua kumpokea mgeni asiyetokea.

Ya Carlos Reygadas ilinichosha. Sherehe inageuka vurugu, kamera inazurura, nami sikupata pa kushika. Ya mwisho, ya Rodrigo García, inawapitisha wapiganaji wa mapinduzi, wamepanda farasi, polepole katikati ya Los Angeles, mtaa wa wahamiaji, na watu wanaendelea na shughuli zao. Picha zake ni nzuri mno, ila baada ya Chenillo na Plá nilitaka zaidi ya picha.

Naipendekeza kwa moyo wote. Kihispania kikikupiga chenga, tafuta nakala yenye maandishi chini ya skrini, maana 30/30 bila kufuata maneno utaikosa kabisa.