Boksi la DVD la William Greaves: kumbe nimeigiziwa mimi

Jina la muvi tu nimejaribu kulitamka mara nne ulimi umegoma, Symbiopsychotaxiplasm: Take One. Dada yangu ndo kaniletea toka Marekani, boksi la diski mbili lililotoka 2006, na kabla sijasifia kitu niseme tu diski ni za kulekule, deki yangu ya sebuleni ilizitema hapohapo nikaenda kuazima laptop kwa jirani. Ukiagiza hakikisha una deki inayokula diski za nchi zote.

Haya, muvi yenyewe. Greaves, direkta wake, ni mtoto wa Harlem, mtaa wa watu weusi New York, alianza kama muigizaji akachoka na nafasi za kudhalilisha watu weusi, 1952 akaenda zake Kanada akasomea kazi ya kutengeneza filamu. Sasa 1968 huyo yuko Central Park, bustani kubwa ya New York, na kamera tatu, moja inapiga waigizaji, nyingine inapiga wale wanaopiga, ya tatu inazoa kila kitu mpaka polisi na wapita njia. Mke na mume wanagombana, matusi ya chumbani kabisa, alafu ugomvi uleule wanapewa waigizaji wengine waurudie, na maneno yenyewe mabovu, na Greaves anaelekeza kama mtu aliyekurupushwa usingizini, yaani mi nikaanza kukasirika.

Kumbe sikua peke yangu! Wafanyakazi wake walijikusanya chumbani bila yeye wakawasha kamera wakamsema weee, huyu jamaa anajua anachofanya kweli au katutegea, wanabishana wenyewe kwa wenyewe, alafu mwishoni wakampa huo mkanda. Na yeye akautia ndani ya muvi! Hapo ndo nikashtuka, Greaves alikua anaigiza direkta asiyejua kazi. Na wale wa chumbani je, nao walikua wanaigiza? Nimerudisha nyuma kile kipande mara tatu na bado sina jibu. Kingine nilichowaza muda wote, direkta mweusi, mwaka 1968, wafanyakazi wengi wazungu, hivi angekua mzungu mwenzao wangesema hajui kazi au wangesema ni fundi ana mbinu zake? Muvi haigusi hilo hata kidogo, ni mimi tu na kichwa changu.

Muziki ni wa Miles Davis, yule mpiga tarumbeta wa jazz, hapo sina la kuongeza. Na muvi yote hii ilikaa kabatini mpaka 1991 Brooklyn Museum walipoonyesha kazi zake, miaka 23 hiyo jamani.

Diski ya pili ina Take 2½ ya 2005, yaani muendelezo wa hii muvi, waigizaji wawili wa kipindi kile wanarudi watu wazima, kwa kweli nilisinzia. Bora ile dokumentari ya maisha yake.

Maandishi ya Kiswahili hamna. Mama alikaa na mimi dakika kumi akauliza "sasa hawa wanaanza kuigiza saa ngapi?" akaenda zake jikoni.