Tumbusi na chozi: yupi hupiga mabawa zaidi?

Asubuhi yenye baridi Serengeti, tumbusi hatoki mtini upesi. Anangoja ardhi ipate joto na hewa ianze kupanda. Hapo hutandaza mabawa, zaidi ya mita 2 toka ncha hadi ncha, akapanda kwa kuzunguka, dakika baada ya dakika, karibu bila kuyapiga. Mwaka 1973 tumbusi mmoja aligongana na ndege ya abiria juu ya Abidjan, takriban mita 11,300 angani!

Chozi mdogo hana nafasi hiyo. Mabawa yake mafupi hupiga haraka mno, jicho haliyafuati, na huweza kuelea kidogo mbele ya ua akinyonya nekta. Anapendeza, lakini kwangu fundi wa anga ni tumbusi.