Maiki ya nje kwenye redio ya gari: uzoefu wangu hapa Malindi

Redio za Android tunazofunga kwenye magari siku hizi zina karibu kila kitu: ramani, kamera ya nyuma, skrini kubwa ya inchi 9 au 10. Sehemu ambayo watengenezaji wengi wamebania ni maiki. Itazame redio yako usoni, utaona tundu dogo kama la sindano lililoandikwa MIC, mara nyingi jirani na tundu jingine la RST, la kuiwasha redio upya. Nyuma yake kuna kidude cha milimita chache kilichobanwa ndani ya plastiki. Kimeelekea katikati ya viti viwili badala ya mdomo wa dereva, na kwenye magari mengi kiko karibu kabisa na matundu ya AC. Ukipiga simu kwa Bluetooth, hicho ndicho kinachokusikiliza. Simu ikishaungana na redio, maiki ya simu yenyewe haitumiki tena kwenye mazungumzo hayo, hata uiweke simu kifuani. Wengi hawalijui hili. Wanalaumu mtandao, wanabadilisha laini, wengine wananunua simu mpya, na tatizo linabaki pale pale kwenye dashibodi.

Mimi naendesha Toyota Noah. Nabeba wageni na wenyeji: uwanja wa ndege, Watamu, Mambrui, na safari za Mombasa kuwawahisha watu treni pale Miritini. Gari lilikuja na redio yake ya Japani, maandishi yote ya kwao na FM inaishia megahezi 90, kwa hiyo stesheni zetu nyingi haikuzipata. Nikaitoa, nikafunga Android. Muziki ukawa safi, ramani safi. Simu ndiyo ikawa mateso.

Na kazi hii ni simu. Kuna mama mmoja wa Mambrui, mtu mzima, ambaye namchukua kila anapokwenda kliniki. Yeye hupenda kujua nimefika wapi ili asikae juani. Nikimpokea garini ananiambia, "Mwanangu, sauti yako yatoka mtungini. Nena tena." Nanena tena, napaza sauti hadi abiria wananigeukia, na yeye bado hakusikia. Mwisho natafuta pa kusimama baada ya daraja la Sabaki, natoa simu kwenye Bluetooth, nampigia upya. Kuishika simu huku gari linakwenda si jambo la kujaribu. Kwanza ni hatari, kisha kanuni za makosa madogo ya barabarani za mwaka 2016 zimeandika faini ya shilingi 2,000 kwa dereva anayetumia simu gari likiwa katika mwendo.

Maiki niliyonunua ni ya kawaida kabisa, ile nyeusi ndogo yenye klipu, sponji kichwani, waya wa mita 3 na pini ya milimita 3.5. Nilitoa shilingi 800. Ndani yake mna kile wanachokiita elektreti, kidude kinachohitaji umeme mdogo kutoka kwenye redio ndipo kifanye kazi. Ndiyo maana ukichomeka maiki kwenye tundu la AUX husikii kitu: AUX ni ya kuingiza muziki na haitoi umeme huo. Lazima uingie kwenye tundu la MIC, ambalo kwenye redio nyingi za Android liko nyuma, au linatoka kama waya mfupi uliobandikwa karatasi ya jina. Maiki ya kuimbia, ile ya kushika mkononi, usiisumbukie. Ni aina nyingine. Na ile ya heedifoni za simu pini yake ina pete tatu nyeusi, haipangiki sawa na ya redio. Jambo hili nalitilia mkazo kwa sababu dukani utauziwa chochote chenye pini inayoingia.

Fundi wa kwanza alinifungia kwa dakika chache. Alivuta redio, akachomeka pini, akabandika maiki juu ya mkono wa usukani kwa tepu ya pande mbili, waya ukawa unaning'inia jirani na goti langu. Akaniambia, "Tayari, mkubwa." Hakupiga simu hata moja kujaribu. Nilipotoka nikampigia mke wangu, akasema afadhali ya jana. Mahali pale mikono yangu ilikuwa inapita mbele ya maiki kila nikikata kona, na tundu la AC la dereva lilikuwa linaipulizia moja kwa moja. Alichokuwa anakisikia zaidi ni upepo, nami nikadhani ndiyo sababu. Kisha jua la mchana la Malindi, gari limefungwa vioo, likalainisha gundi ya ile tepu, maiki ikaanguka chini kwenye pedeli. Hapo nikasema hapana, kitu kinachoweza kuingia chini ya breki sikiachi garini.

Nikaelekezwa kwa kijana mwingine, anafanyia kazi chini ya mwarobaini upande wa Maweni. Huyu ndiye ninayemsifu, na namsifu kwa jinsi alivyoanza. Hakugusa bisibisi. Alinipa simu yake nisimame nayo mbali na gari, akajipigia kutoka garini kwa simu yangu, akaanza kugonga kwa ukucha. Akagonga maiki ya nje: kimya. Akagonga lile tundu la MIC usoni mwa redio: ta, ta, ta, sikioni kwangu kama mtu anabisha hodi. Akaniita, "Njoo kaka. Hii yako ya nje haijawahi kufanya kazi hata siku moja."

Kumbe redio haziko sawa. Zipo ambazo ukichomeka maiki ya nje ile ya ndani inajikata yenyewe. Zipo ambazo lazima uingie kwenye mipangilio ya kiwanda, ile inayofunguliwa kwa namba ya siri, uchague maiki ya nje. Na zipo ambazo hazikubali mpaka zifunguliwe na kubadilishwa kiungo kwenye bodi ndani. Yangu ilikuwa ya aina ya pili. Alitafuta, akachagua, akagonga tena: safari hii ya nje ikalia na ya ndani ikanyamaza. Kipimo hicho hakina gharama yoyote, kinahitaji simu mbili na ukucha, na ningependa kila fundi aanze nacho kabla ya kumuuzia mtu kitu.

Halafu tukaja kwenye mahali pa kuiweka, na hapa alinifunza mengi. Nguvu ya maiki inapotea haraka kadiri mdomo unavyokuwa mbali. Ukiongeza umbali maradufu, sauti inayofika inapungua kwa desibeli 6 hivi (desibeli ni kipimo cha ukubwa wa sauti), huku mngurumo wa gari na muziki vikibaki vile vile. Kwa hiyo sentimita chache zinaleta tofauti kubwa kuliko bei ya maiki. Alijaribisha sehemu tatu huku mimi nimekaa kama ninavyoendesha, na mwenzake anasikiliza kwenye simu mbele ya kibanda. Kwenye kile kibao cha kuzuia jua ilisikika vizuri, lakini kila ninapokishusha jua la jioni likinipiga usoni, maiki inageuka na waya unavutika. Karibu na taa ya dari, katikati, ilichukua pia maongezi ya abiria wa nyuma. Iliyoshinda ni juu ya nguzo ya kioo cha mbele upande wa dereva, pale inapokutana na dari, klipu ikiwa imebanwa kwenye ukingo wa plastiki na tundu la maiki limeelekea mdomoni. Hapo haipigwi na AC, na iko mbali na spika za mlangoni. Hakutumia tepu hata kidogo.

Kazi yenyewe ya kupitisha waya ndiyo iliyochukua muda. Kifuniko cha nguzo kwenye gari langu kimeandikwa SRS AIRBAG, maana yake nyuma yake kuna mfuko wa hewa unaofunguka ajali ikitokea. Fundi alizima gari, akatoa waya wa betri, akasubiri kabla ya kugusa kifuniko. Kisha akapitisha waya nyuma ya ule mfuko, akaufunga pamoja na nyaya za kiwandani, wala hakuukatisha mbele yake. Aliniita nione kabla ya kurudisha kifuniko. Waya ukipita mbele ya mfuko wa hewa unaweza kuuzuia au kurushwa usoni mwako pale unapouhitaji zaidi. Fundi asiyejua hilo asikufungulie nguzo. Afadhali maiki ikae mahali pengine na waya upite chini ya dashibodi.

Chini ya dashibodi alikwepa waya mnene wa umeme wa amplifaya. Maiki inatoa umeme mdogo mno, kwa hiyo waya wake ukilala sambamba na waya wa umeme unaokota kelele, na mtu wa upande wa pili anasikia mluzi unaopanda kila ukikanyaga mafuta. Pale nyaya mbili zilipolazimika kukutana alizipishanisha kama msalaba. Mita moja iliyobaki aliizungusha, akaifunga kwa tepu ya kitambaa nyuma ya sanduku la glavu. Sasa kuna ukimya mzuri pale. Barabara yetu ya Mombasa ina matuta, na waya uliolegea ungekuwa unagongagonga safari nzima.

Alilipwa 1,500 kwa kazi hiyo. Niliona inastahili.

Jaribio nililifanya barabarani, kwa sababu chini ya mwarobaini kila maiki ni nzuri. Nilitoka mjini nikapita Gede nikielekea Matsangoni, mwendo wa 80, AC namba mbili, redio ikiwa imewashwa kabla ya simu kuingia. Mke wangu akaniuliza kama nimesimama. Nilipomwambia niko njiani hakusadiki mpaka lori liliponipita na kupiga honi. Kilichobaki ni kwamba alikuwa anajisikia mwenyewe kwa mbali, sauti yake inarudi. Hiyo inatokana na sauti ya spika kuingia kwenye maiki. Niliingia kwenye mipangilio ya Bluetooth, nikapunguza nguvu ya maiki kutoka juu kabisa hadi katikati, nikashusha na sauti ya simu kidogo, mwangwi ukaisha. Watu hudhani nguvu ikiwekwa ya mwisho ndiyo bora. Ikiwa ya mwisho, maiki inavuta matairi, feni, na kuku wa jirani ukiwa umeegesha.

Na yule mama wa Mambrui? Nilimpigia nikiwa kwenye foleni karibu na soko. Akaniuliza niko wapi, nikamjibu mara moja, kwa sauti ya kawaida kama ninavyozungumza na aliyekaa kando yangu. Akasema, "Haya baba, naja barazani." Sikurudia neno. Kwa mtu wa kazi kama yangu huo ndio ubora wa kitu: mteja mzee hakai juani, na mimi sisimami kando ya barabara magari yakinipita kwa kasi.

Sitaki mtu atarajie sauti ya studio. Simu ya Bluetooth yenyewe inabana sauti. Hata maiki ikiwa bora, mfumo wa zamani wa simu za Bluetooth unaipima sauti mara 8,000 tu kwa sekunde, na ule wa baadaye mara 16,000, ikiwa simu na redio zote zinaukubali. Kwa hiyo ukiona maiki ya shilingi 5,000 inayoahidi maajabu, jua kwamba redio haitapitisha maajabu hayo. Yangu ya 800 imetosha.

Upande wa hali ya hewa yetu, nina neno. Hewa ya chumvi inapanda hadi ndani ya gari, na shaba ikipata chumvi inaota kutu ya kijani. Pini ikianza kutu, sauti inakatika katika, na mtu atadhani maiki imekufa. Fundi alinipulizia dawa ya kusafishia viungo vya umeme kabla ya kuchomeka, akaniambia nirudi nifanyiwe tena msimu wa mvua ukiisha. Sponji nayo isitupwe. Mgeni mmoja aliivuta akidhani ni uchafu, na siku hiyo nzima kila herufi "p" niliyotamka ilipiga kama pumzi kwenye kipaza sauti cha msikiti. Sponji za akiba zinauzwa kwa bei ndogo, nimeweka mbili kwenye sanduku la glavu.

Kitu kimoja hakijatatuka. Kusi ikivuma, hasa ninapopita sehemu za wazi kuelekea Mambrui, na vioo viko chini kwa sababu abiria hataki AC, maiki inazidiwa. Upepo unaingia kwa dirisha la dereva na kupita juu ya nguzo ile ile ilipo maiki. Fundi amependekeza tuihamishie upande wa taa ya dari na kuigeuza inielekee, ingawa hapo tutarudi kwenye maongezi ya abiria. Kwa sasa simu ikiingia napandisha kioo cha upande wangu, cha abiria nakiacha wazi, na inatosha kusikilizana.