Redgrave wa majini na Redgrave wa nchi kavu

Hapa Dunga, Kisumu, mwenye kafi hutazama mbele. Mwenye kasia huipa kisogo safari yake. Ndivyo Steve Redgrave, mpiga makasia wa Uingereza, alivyozoa dhahabu tano katika Olimpiki tano mfululizo, 1984 hadi 2000. Ile ya Sydney aliipata akiwa na miaka 38, huku akijidunga insulini, maana kisukari kilimkuta 1997. (Sisi wengine mafua tu hutulaza.)

Redgrave wa pili ni yeye yule, ila wa nchi kavu: tangu 2018 alisimamia timu ya makasia ya China. Katika michezo ya Tokyo, wanawake wanne wa China wakapata dhahabu. Kazi nzuri, ila waliotoka malengelenge ni wao. Mimi bado namtaka yule wa majini.