Todoist kwa Mtu Anayetaka Kupumzika

Todoist ni programu ya kuorodhesha kazi katika simu na kompyuta, iliyoanzishwa mwaka 2007 na Amir Salihefendić, na wepesi wake hauna ubishi. Unaandika jambo, unalipangia tarehe, na ukishalitimiza unaligusa likaondoka. Tarehe zenyewe haizitambui zikiandikwa kwa Kiswahili, kwa hiyo aliyezoea kusema saa nne asubuhi hana budi kubadilisha hesabu kichwani kwanza, lakini hilo ni dogo.

Lililonifanya niiache ni mfumo wake wa pointi uitwao Karma. Kila kazi iliyokamilika huongeza pointi, iliyopitwa na tarehe kwa siku nne au zaidi huzipunguza, na juu ya hayo kuna lengo la idadi ya kazi kwa siku na kwa wiki, pamoja na hesabu ya siku ulizolifikia mfululizo. Mwenye bidii hunaswa hapa upesi kuliko mvivu. Jambo moja hugawanywa matatu ili idadi itimie, ripoti iliyochukua kutwa nzima huhesabiwa kama kununua vocha, na kumjulia hali shangazi huandikwa chini ya bili ya maji, kisha hufutwa kwa furaha ileile, jambo ambalo shangazi, lau angelijua, asingelipenda.

Waliotengeneza programu hii hawakusahau mapumziko. Jumamosi na Jumapili zimewekwa tangu mwanzo kuwa siku za kupumzika, na anayetaka Ijumaa anaweza kuichagua. Ipo pia hali ya likizo, na Karma yenyewe inaweza kuzimwa. Hata hivyo, pumziko la namna hiyo ni ruhusa tu ya kutovunja hesabu, na mtu hulikaa akisubiri hesabu ianze tena. Kukaa barazani baada ya alasiri hakuna mwisho wa kuwekewa alama, na thamani yake yote imo katika kutodaiwa chochote kwa muda huo.

Tangu niifute, nimebakiza kalenda ya ukutani kwa ahadi zinazowahusu watu wengine: miadi ya hospitali, vikao, harusi. Baadhi ya yale niliyokuwa nikiyahamisha kutoka wiki hadi wiki hayakufanyika kabisa na hakuna aliyeyauliza. Yaliyokuwa na wenyewe, wenyewe walipiga simu.

Kwa ofisi ambamo watu kadhaa wanagawana kazi, au fundi mwenye wateja wengi, ninaipendekeza bila kusita. Kwa matumizi ya nyumbani, izime Karma kabla ya kuandika kazi ya kwanza, chagua siku yako ya kupumzika, na ukijikuta unaifungua programu siku hiyo hiyo, ifute.